Hofu Iliyovishwa Chuma: Mjadala wa Rwamgasa

Katika vitongoji vya dhahabu vya Geita, ambako mtu huteremka ardhini kwa kamba akiwa na kurunzi kichwani na hirizi kiunoni, wala haoni ugomvi wowote baina ya vitu hivyo viwili, swali la uhusiano wa elimu ya nafsi na hadithi za sayansi ya kubuni laweza kudhaniwa kuwa ni anasa ya watu wa mijini. Nami nimelileta Rwamgasa, kimojawapo cha vitongoji hivyo, kwa makusudi, kwa kuwa sijui mahali pengine katika nchi yetu ambapo mashine, hofu na tamaa hukutana kila siku, alfajiri hata magharibi, bila ya kuhitaji kutambulishana. Wasemaji wa mjadala huu nimewabuni, kama Shaaban Robert alivyolibuni baraza la Kusadikika mwaka 1951 ili mshitakiwa wake apate pa kusemea; lakini mambo wanayoyataja si ya kubuni.

Wameketi katika banda la mama ntilie, saa ambayo makarasha ya jirani, mashine za kusagia mawe, yamenyamaza kwa kukosa dizeli na watu wanaweza kusikilizana bila ya kupiga kelele. Yupo Mwalimu mstaafu, aliyefundisha Kiswahili maisha yake yote. Yupo Tabibu wa zahanati. Yupo mwenye duara, yaani shimo la dhahabu, na watu wote humwita Bosi ingawa duara lake halijatoa kitu cha maana tangu masika. Yupo binti wa nduguye Bosi, anayesomea saikolojia chuo kikuu na amekuja likizo. Na yupo mwenye banda mwenyewe, ambaye aliingia katika mazungumzo bila ya kualikwa, na ambaye, kwa maoni yangu, ndiye aliyeyafikisha mahali.

MWALIMU: Mimi nadai, hadhirina, ya kwamba mwandishi wa hadithi za sayansi si mtabiri wa vyombo, bali ni mpelelezi wa nafsi. Mtazameni Euphrase Kezilahabi, mwana wa Ukerewe, ng'ambo tu ya maji haya yetu. Mwaka 1974 alitoa Kichwamaji, riwaya ya kijana msomi aliyejichunguza hata akaishia kujiua, na kila kitu kilichomo tunakijua: kijiji, wazazi, masomo, pombe. Lakini alipotaka kuteremka chini zaidi ya hapo, kijiji hakikumtosha. Akaandika Nagona mwaka 1990 na Mzingile mwaka 1991, akatuingiza katika ulimwengu usio na ramani, uliokwisha kuteketea kwa mlipuko, ambamo mtu hana tena jirani wa kumsingizia wala desturi ya kujifichia. Nafsi, maadamu imezungukwa na mambo iliyoyazoea, hujibanza nyuma yake. Iondolee nyumba, jamaa na kalenda, ndipo itakapolazimika kujitokeza. Kadhalika Katama Mkangi wa Kenya, mtaalamu wa elimu ya jamii aliyewekwa kizuizini mwaka 1986, hakutuachia malalamiko ya mfungwa. Alituachia Walenisi, kitabu cha mwaka 1995, ambamo mtu aliyehukumiwa kufa hutiwa ndani ya chombo cha angani na kufika katika ulimwengu mwingine ulionyooka kuliko wetu. Sioni ajabu kwamba mtu aliyefungiwa chumbani akawaza anga.

BOSI: Mwalimu, nakuheshimu, na watoto wangu umewafundisha wewe. Lakini hofu ninayoijua mimi ni ya matimba, miti inayozuia shimo lisibomoke. Timba likilia juu ya kichwa chako futi mia chini, huhitaji sayari nyingine ili uijue nafsi yako. Utaijua palepale, na utaijua vibaya. Hivyo vitabu ni vya watu waliolala salama. Tena asili yake ni Uzunguni. Sisi tuna ndoto zetu, na tuna wazee wa kuzifasiri.

MWANACHUO: Baba mdogo, umetaja ndoto, na ndoto ndizo zilizomleta kwetu bingwa mmoja wa elimu hii. Carl Gustav Jung, tabibu wa nafsi kutoka Uswisi, alishuka Mombasa mwaka 1925, akapanda reli mpaka Nairobi, kisha akaenda kupiga kambi mlima Elgon, akawa akiwakusanya wenyeji kwa kikao alichokiita kwa neno letu wenyewe, shauri, awaulize wanaota nini. Hakupata mengi. Mganga mzee alimwambia, machozi yakimlengalenga, ya kuwa hapo zamani waganga waliota, wakajua kama inakuja vita au maradhi, na kama mvua itanyesha au haitanyesha. Lakini tangu wazungu waingie nchini hakuna aotaye tena, kwani ndoto za nini, na Bwana DC anajua kila kitu?

Hapa naomba kumkatiza binti huyu, maana jambo hili limenikaa rohoni. Jung aliyachukua maneno ya mzee kama ushahidi kwamba ulimwengu wa kale wa watu wale ulikuwa ukibomoka. Mimi nayaona yana kejeli zaidi ya alivyodhani: mtu aliyetawaliwa, akiulizwa siri za usingizi wake na mgeni mwenye daftari, hana jibu la adabu kuliko kusema kwamba serikali inajua yote.

MWANACHUO: Huenda. Nami simkubalii Jung yote, kwani alituona sisi kama utoto wa Mzungu, aje autazame kama mtu atazamavyo picha yake ya zamani. Lakini sikilizeni alichokifanya mwaka 1958, akiwa amepindukia miaka 80. Aliandika kitabu juu ya visahani virukavyo, vile vyombo vya mviringo ambavyo watu wa Marekani na Ulaya walisema wanaviona angani. Hakukazana kuuliza kama vipo au havipo. Aliuliza kwa nini macho ya watu yaanze kuviona kwa wingi mara tu baada ya vita vya 1939 mpaka 1945, wakati mataifa makubwa yameelekezeana bomu la atomi. Akajibu ya kwamba hofu isiyo na pa kwenda hujitengenezea umbo, na kwamba watu walioacha kutazamia malaika kutoka mbinguni, wakitazamia kitu kutoka huko, watatazamia chombo. Fauka ya hayo, katika kitabu hichohicho alizitia mkononi riwaya mbili za Waingereza, The Black Cloud ya Fred Hoyle na The Midwich Cuckoos ya John Wyndham, zote za mwaka 1957, akazichambua kama mtu anavyochambua ndoto ya mgonjwa wake. Kwake yeye, mtunzi alikuwa ameota kwa niaba ya wenziwe.

TABIBU: Nimewaacha mseme, kwa kuwa mnasema vizuri, lakini mnaizungumza nafsi kana kwamba inaelea hewani. Nafsi ina ini, ina figo, ina ubongo. Mwaka 2003 wataalamu wa mpango wa zebaki wa Shirika la Umoja wa Mataifa la Maendeleo ya Viwanda walikuja hapahapa Rwamgasa, wakawapima wachimbaji damu, mkojo na nywele, na watu wa Katoro wasioishika zebaki wakawa ndio kipimo cha kulinganisha. Mnajua kazi ilivyo: mawe husagwa karashani, unga huoshwa juu ya ubao uliotandikwa magunia, mchanga mzito hukandwa na zebaki ndani ya beseni kwa mikono mitupu, kisha donge huwekwa juu ya moto mpaka zebaki iondoke na dhahabu ibaki. Waliodhurika zaidi walikuwa hao wachomaji. Mvuke ule hauonekani wala haunuki. Mtu huuvuta miaka, ndipo mikono ianze kutetemeka, usingizi upotee, kumbukumbu ipungue, mpole awe mwenye hasira, na mchangamfu awe mwenye haya asiyetaka kutazamwa usoni. Mafundi wa kofia wa Ulaya wa karne ya 19, waliotumia zebaki kushindilia manyoya, walipatwa na hayo hayo. Sasa niambie, Mwalimu: metali iingiayo kwa pumzi na kumbadilisha mtu tabia bila ya yeye kujua, mtunzi gani amebuni jambo kubwa kuliko hilo? Mgonjwa akiniambia kuna mtu anamwibia akili usiku, wewe utasikia istiari. Mimi nitaomba mkojo wake.

MAMA NTILIE: Na mganga ataomba mbuzi.

Walicheka wote, hata Bosi, ambaye kicheko chake kilikuwa kifupi kuliko cha wenziwe.

MWANACHUO: Mama yangu, huyo mganga msimcheke haraka. B. F. Skinner, mtaalamu wa tabia wa Marekani, aliwatia njiwa wenye njaa katika sanduku lililotoa chakula kila baada ya muda maalumu, njiwa afanye lolote au asifanye. Baada ya kitambo kila njiwa alikuwa na ibada yake: mmoja anazunguka, mwingine anachomeka kichwa pembeni juu, mwingine anayumbisha kichwa, kila mmoja akirudia kile alichokuwa akikifanya chakula kilipotokea. Skinner alilitangaza jambo hilo mwaka 1948, akaliita ushirikina wa njiwa.

BOSI: Huyo njiwa namjua. Siku duara langu lilipotoa kwa mara ya kwanza nilikuwa nimegombana na mke wangu asubuhi. Tangu hapo, Mungu anisamehe, kila tukikaribia mwamba natafuta ugomvi nyumbani. Ninyi mnaopokea mshahara hamwezi kuyajua haya. Mimi nanunua matimba, nanunua dizeli, nalisha vijana miezi sita, kisha napata mawe. Na jirani yangu, hatua ishirini kutoka nilipo, anachimba wiki mbili na kujenga nyumba ya bati. Mkiniambia ni bahati tu, mmeniambia kwamba hakuna ninaloweza kulifanya. Nani anaweza kulala na neno hilo? Afadhali mchawi. Mchawi walau ana anwani.

MWANACHUO: Basi sikia ajabu yenyewe. Mwaka uleule wa 1948 Skinner huyohuyo alitoa riwaya, Walden Two, ya kijiji cha watu kama elfu moja ambao maisha yao yamepangwa kwa elimu ya tabia tangu kuzaliwa, hakuna husuda, hakuna uvivu, na kazi ni ya saa chache kwa siku. Yaani mtu aliyeamini ya kwamba binadamu hupimwa kwa matendo yake na si kwa yaliyomo moyoni, alipotaka kutuonyesha matumaini yake aliona maabara haitoshi, akakimbilia hadithi.

MAMA NTILIE: Kijiji kilichopangwa na wataalamu? Mimi nilizaliwa mwaka wa Operesheni ya kuwahamishia watu vijijini, 1974. Mama yangu alinihadithia kwamba paa lilikuwa limekwisha kuezuliwa na vyombo vimo garini. Katika kitabu cha huyo bwana, kuna mahali mwanamke mwenye mimba anaulizwa kama anataka kuhama?

Hakujibiwa. Nami katika kuandika nimejaribu kumtafutia jibu kinywani mwa Mwalimu, ambaye enzi zile alikuwa kijana na aliuamini mpango kwa moyo safi, nikaona ni haki zaidi kumwacha anyamaze.

MAMA NTILIE: Hamjibu. Haya, nami niulize la pili, mintarafu ya hizo hadithi za mashine. Tulipokuwa watoto tulikatazwa kusimama kandokando ya barabara jua likikuchwa, kwa sababu lingepita gari la mumiani, linyonyalo damu kwa mipira na sindano, damu ipelekwe kutengenezwa dawa. Bibi yangu aliapa kwamba aliyaona mataa yake. Je, ile ilikuwa elimu ya nafsi, au ilikuwa hadithi ya sayansi?

MWALIMU: Umeuliza swali ambalo mimi nilipaswa kuanza nalo. Mumiani ndiyo bunilizi yetu kongwe ya sayansi, isiyo na mtunzi wala mchapishaji. Ilienea Nairobi, Kampala, Dar es Salaam na machimbo ya Kongo katika zama za ukoloni. Wengine wakasema ni wazimamoto ndio wanaokamata watu, wengine maaskari wa wanyamapori, na mateka wakasemwa hufichwa mashimoni. Luise White, mwanahistoria wa Marekani, alizikusanya na kuzitolea kitabu mwaka 2000, naye alisisitiza kwamba walioyasimulia hayo hawakuwa wajinga wa kuchekwa. Waliona mwili wa mtu ukihesabiwa, ukipimwa, ukidungwa sindano, ukitozwa kodi na kupelekwa kazini mbali, na nguvu zake zikienda pwani na kupakiwa melini; wakatafuta neno moja la kuyabeba yote hayo, wakasema damu. Kama si uchambuzi wa nafsi iliyotawaliwa, basi uchambuzi ni nini?

MWANACHUO: Mwalimu, hapo nakuacha. Uchambuzi hauui. Mwezi Oktoba 2016, katika kijiji cha Iringa Mvumi, wilaya ya Chamwino, mkoani Dodoma, watafiti wa udongo waliotoka kituo cha Selian cha Arusha waliuawa na kuchomwa moto pamoja na dereva wao, watu watatu, kwa kudhaniwa kuwa ni wanyonya damu. Walikuwa wakichukua sampuli za udongo. Na hapa kwetu, kanda hii ya ziwa, hasa tangu mwaka 2007, wenye ualbino wamekatwa viungo na kuuawa, hata watoto, kwa ajili ya hadithi kwamba viungo vyao huvuta dhahabu na samaki. Baba mdogo, umesema afadhali mchawi. Huyo mchawi mwenye anwani amekuwa mtoto wa mtu.

Bosi aliinamisha uso. Alisema kwamba si wachimbaji wote, na binti akasema anajua kuwa si wote. Kisha Bosi akasema, kwa sauti ya chini, kwamba anajua pia kuwa si wachache kama watu wanavyopenda kusema mbele ya wageni. Serikali iliwapiga marufuku wapiga ramli wasio na kibali mwezi Januari 2015. Ramli ikahamia vichakani.

MWALIMU: Mwanangu, umenirudi na nimerudika. Lakini tazama kinachotenganisha mambo haya mawili. Bibi zetu walipotaka kusimulia zimwi lenye kichwa cha moto hawakuanza na zimwi. Walisema paukwa, wakangoja sisi tuitike pakawa. Na bila ya kuitikiwa hawakuendelea. Huo ulikuwa mkataba. Kwa kuitika tuliahidi kuogopa kwa hiari, na msimulizi kwa kungoja aliahidi kuturudisha. Mtu akifika akisema zimwi lipo kwa jirani yako, wala hakungoja kuitikiwa, huyo si msimulizi tena. Kezilahabi na Mkangi wametuandikia jina la riwaya juu ya jalada. Mumiani na kiungo cha dhahabu havina jalada. Hofu ni ileile, na pengine ustadi wa kubuni ni uleule. Kilichokosekana ni mlango.

TABIBU: Mlango haufungi vizuri kama unavyodhani. Tarehe 30 Oktoba 1938 Orson Welles alitangaza katika redio ya Marekani mchezo wa wavamizi wa Mirihi, kutokana na riwaya ya H. G. Wells, na magazeti yakaandika kwamba nchi nzima ilikimbia.

MWANACHUO: Magazeti yalitia chumvi, Daktari. Hadley Cantril, mwanasaikolojia, alitoa kitabu kizima juu ya hofu ile mwaka 1940, na waliokuja baadaye wameona kwamba waliotishika kweli walikuwa wachache kuliko ilivyosemwa. Kisa kinachokufaa wewe ni cha Quito, nchini Ekuador, Februari 1949. Mchezo uleule ulitangazwa kwa Kihispania, nao watayarishaji waliuficha kusudi, wakauingiza kama habari ya dharura katikati ya muziki. Watu wakatoka mitaani wakiomba toba. Walipojua wamechezewa, hasira ikapanda, wakalichoma jengo la redio na watu waliokuwamo. Hawakulichoma kwa kuwaogopa wa Mirihi. Walilichoma kwa kuwa waliogopeshwa bila ya kuulizwa.

TABIBU: Basi mlango upo, na yupo aliyeukomea. Nakubali nusu. Lakini hadithi haitaitoa zebaki katika damu ya mtu.

MWALIMU: Haitaitoa. Ila wewe umewaambia kuhusu mvuke mara ngapi, nao wamekusikia mara ngapi? Hofu ya matimba hapa inatajwa kila siku, hata kwa mizaha. Ya zebaki inatajwa ukiwapo wewe tu. Na ipo nyingine isiyotajwa kabisa. Jung kule Elgon aliwahi kutamka kikaoni jina la mizimu katika lugha ya wenyeji. Watu wakanyamaza kimya, wengine wakageuza nyuso, na shauri likavunjika hapohapo. Neno la namna hiyo hapa Rwamgasa ni lipi?

Walitazamana. Mama ntilie, aliyekuwa akikoroga uji, ndiye aliyesema.

MAMA NTILIE: Dhahabu kwisha.

BOSI: Asikwambie mtu! Mama, biashara yako nayo itakwisha siku hiyohiyo.

MAMA NTILIE: Ndiyo maana nalifahamu neno lenyewe. Nani atakula hapa? Yale marudio, mchanga uliokwisha kuoshwa, yatabaki, na zebaki yake, na mashimo, na watoto waliozoea kelele za karasha hata hawapati usingizi pakiwa kimya. Mkitaka hadithi ya mashine, semeni hiyo, mwaka wowote mtakaoupenda. Na muanze na paukwa, maana wengine tuna roho nyepesi.

MWANACHUO: Mimi ningeianzia hapo kwenye usingizi wa watoto. Mji ambao umewekewa mtambo wa kupiga kelele usiku kucha, karasha lisilosaga kitu, ili watu walale.

TABIBU: Na fundi wa mtambo huo mikono inatetemeka.

BOSI: Mimi sikatai. Andikeni. Lakini aandike mtu aliyewahi kushuka shimoni, asije akaandika kwamba chini kuna baridi, maana chini kuna joto. Na matimba ayaandike kama yalivyo, ya miti, si ya chuma. Tena huyo mwenye duara asimfanye mjinga. Mpeni sababu zake zote. Mkishamaliza mniletee niisome kabla ya mtu mwingine, na kama mwisho wake dhahabu imekwisha nitawaambia mmekosea wapi, kwa sababu mimi mwezi ujao nafungua duara jingine, kule chini ya mwembe, na safari hii nimeyaona mawe yenyewe kwa macho yangu.